Baba Alipoacha Kupepesa

Ilikuwa Jumapili, tumetoka kanisani, tumekaa nje ya nyumba yetu ya kambini tunakula makande. Baba alikuwa anasimulia, na baba akishaanza kusimulia, chakula chake kilipoa. Siku hiyo katika masimulizi alikuwa ndani ya treni, miaka mingi nyuma, kijana anayetoka Kigoma kuja kukata mkonge. Mwenzake mmoja alishuka stesheni kununua mihogo, treni ikamwacha, na koti lake likaendelea na safari bila yeye. Sote tulikuwa tunacheka. Mama ndiye aliyeacha kucheka kwanza.

"Baba watoto," alisema, "hebu tulia hapo hapo."

Baba alidhani ana nge begani, akaganda. Mama akamsogelea, akamshika kidevu, na kwa ncha ya khanga akatoa kitu kwenye jicho lake la kulia. Ulikuwa uzi wa singa ya mkonge, mweupe, mfupi kama ukucha. Ulikuwa umelala juu ya weusi wa jicho, katikati kabisa, wala hatukujua umekaa pale tangu lini.

"Hukuusikia?" mama aliuliza.

"Kusikia nini?"

Mama alirudi kwenye kigoda chake akaendelea kula, lakini nilimwona anavyoishika ile ncha ya khanga. Nami nilikuwa nimeona alichokiona yeye: nguo iligusa jicho lenyewe, na kope za baba hazikutikisika.

Kambi yetu ya shamba la mkonge ilikuwa kwenye tambarare, chini ya milima ya Upare, mahali ambapo unaiona mvua ikinyesha kule juu na kwako haifiki. Watu wake walitoka kila upande wa nchi, na tuliunganishwa na Kiswahili ambacho kila mmoja alikiongea kwa lafudhi ya kwao. Baba alikuja kama manamba wa mkataba, akaanza kwa kukata, akaenda korona ambako majani husagwa yakatoka nyuzi, na mwisho akawekwa kwenye chumba cha brashi, ambako singa kavu husuguliwa ing'ae. Mle ndani vumbi lilikuwa jeupe kama unga hewani. Wanaume walitoka wakikohoa na kufikicha macho. Baba alitoka akipiga mluzi.

Mama alikuwa wa milimani, upande wa Mbaga, mtoto wa Walutheri wenye migomba na zamu ya maji ya mfereji. Alikuwa akishuka kambini kuuza ndizi, na siku moja hakupanda tena. Kwao walichukua muda kumeza jambo hilo, lakini walilimeza. Baba alijitahidi. Alijua kwamba kule juu mkwe wa kiume hamkazii macho mama mkwe, bali huinama na kumpisha njia, na aliyafanya yote hayo bila kukumbushwa.

Halafu babu akafariki, tukapanda kwa mazishi. Baba alikwenda kumpa bibi pole. Aliinamisha kichwa, lakini macho yake yalibaki wazi, yamekodolewa, hayapepesi. Bibi alimsubiri ayashushe. Hayakushuka. Jioni, mama akiwa anafunga mizigo, bibi alimwambia maneno machache tu: "Mume wako ana macho makavu."

Hakuna mwanamke anayetaka kuambiwa hivyo na mama yake mzazi juu ya mumewe. Mama aliteremka nayo mlima mzima, na tangu siku hiyo hatukupanda tena.

Kwa hiyo wiki iliyofuata ile Jumapili ya makande, mama alikuwa anachunguza mambo mawili kwa pamoja, jicho lenyewe na lile neno la bibi, ingawa mimi nilidhani ni moja. Alinivuta nyuma ya nyumba akaniambia, "Mwangalie baba yako akiongea. Mwangalie kama anafumba macho." Nilimwangalia. Kupepesa ni kitu ambacho hukioni kwa mtu mpaka kikosekane. Baba alikuwa anaongea na jirani, mdomo unakwenda, mikono inakwenda, na macho yamesimama kama ya mtu kwenye picha. Mara moja moja kope zilishuka, polepole, kama zimekumbuka. Nilikuwa nimeishi naye maisha yangu yote na sikuwahi kuona.

Mama alimwambia twende hospitali Same.

"Jicho halinisumbui," baba alisema. "Nilipeleke likamwambie nini daktari?"

"Basi nitalipeleka mimi," mama alisema, "wewe ulifuate."

Tulipanda lori linalopeleka singa stesheni ya Same, tukakaa juu ya marobota. Nilichukuliwa mimi kwa sababu mama alikuwa na aibu ya Kiswahili chake mbele ya watu wa ofisini. Hiyo ilikuwa miaka ya foleni. Sabuni ikipatikana duka la ushirika, habari zilienea kambi nzima, na isipopatikana mama alifua kwa majani ya mpapai. Hospitalini nako tulikuta upungufu ule ule. Kwenye benchi watu walikuwa wameshika vitu vyao wenyewe: mmoja shuka, mwingine taa ya mafuta.

Aliyetupokea alikuwa dada kijana. Kwa cheo alikuwa tabibu, lakini sisi tulimwita daktari. Alisimama baba alipoingia.

"Shikamoo, baba."

"Marahaba, binti yangu."

Hakufungua jicho wala kushika tochi. Alimuuliza anatoka wapi. Baba akasema Kigoma. Akamuuliza alikujaje. Hapo mama alishusha pumzi, kwa sababu alijua kinachofuata, na kweli tulimsikiliza baba kuanzia stesheni ya kwanza hadi lile koti. Daktari alicheka panapochekesha. Ila hakuwa anautazama mdomo wa baba. Miaka mingi baadaye ndipo nilipoelewa kwamba kipimo kilikuwa kimeshaanza.

Alipotosheka alinawa mikono kwa maji matupu, akafungua kopo la maziwa ya unga lililokuwa na pamba kidogo ndani yake. Alichomoa kipande, akakisokota kati ya vidole mpaka ncha yake ikawa nyembamba kama nywele.

"Baba, nitakugusa na hii. Usiangalie mkono wangu. Tazama ule mlima dirishani, kule juu kabisa, upande wa kushoto."

Alikuja na pamba kwa upande, nyuma ya pale jicho linapoweza kuona. Mama akauliza kwa nini ananyemelea. Daktari akamjibu bila kugeuka, "Akiiona inakuja atafumba kwa kushtuka, mama. Nataka jicho lenyewe ndilo liseme."

Ncha ya pamba iligusa jicho la kulia, si kwenye weupe, si kwenye kope, bali pale kwenye kioo chenyewe. Haikutokea kitu. Aligusa tena. Baba aliendelea kuutazama mlima.

Akahamia upande wa pili, akamwambia atazame kulia. Alipogusa jicho la kushoto, kope za macho yote mawili zilishuka, kwa uzito, za kulia zikichelewa kidogo.

"Umesikia?"

"Nimesikia kama nywele imepita."

"Na huku kulia?"

"Huku bado hujanigusa," baba alisema.

Mama aligeukia ukutani. Baba alitutazama mmoja mmoja, akaona kuna jambo, akauliza ni nini. Daktari aliniambia nikae kwenye stuli, akachomoa pamba nyingine.

"Baba, mtazame binti yako."

Niliambiwa nitazame mlima. Sikuiona pamba. Ninachokumbuka ni kwamba kabla sijajua nimeguswa, macho yalikuwa yameshafumba, yote mawili, pamoja na lile ambalo halikuguswa, na machozi yamenilengalenga.

"Inauma?" baba aliuliza.

"Haiumi. Ila siwezi kuizuia."

"Hebu mguse tena. Na wewe kaza."

Nilikaza meno, nikakaza mpaka vidole vya miguu. Sikuweza. Baba alicheka kidogo, halafu kicheko kikamwishia.

"Kumbe haliombi ruhusa," alisema.

"Haliombi," daktari alisema. "Jicho likiguswa linapeleka habari ndani ya kichwa kwa njia moja, na amri ya kufumba inarudi kwa njia nyingine, kwa macho yote mawili. Wewe nilipokugusa kushoto, hata la kulia limefumba. Kwa hiyo amri bado inafika. Habari ndiyo haitoki. Jicho lako la kulia halijui kama limeguswa, na la kushoto limeanza kusahau."

Baba akasema jambo ambalo sijawahi kulisahau. "Mimi nilidhani nimezoea vumbi. Wenzangu wakitoka mle ndani wanafikicha macho, mimi hapana. Nilijiona dume."

Daktari alimwomba avue shati. Nyuma ya mkono wake kulikuwa na baka lililofifia ambalo sisi watoto tulilijua kama alama yake tu. Alimfumba macho akaligusa kwa pamba ile ile, akimwambia aoneshe alipoguswa. Hakuonesha. Hapo daktari alivuta kiti akakaa karibu, magoti yake karibu na magoti ya baba, akalitaja jina la ugonjwa kwa sauti ya kawaida, kama mtu anayetaja jina la kijiji. Ukoma.

Swali la kwanza la baba lilikuwa, "Watoto?"

Nilipimwa pale pale, mgongo, mikono na miguu, na nilihisi kila mguso. Wadogo zangu tuliambiwa tuwalete. Daktari alisema kuna vidonge vya kumeza, vingine mbele yake kila mwezi na vingine nyumbani, na kwamba mtu akishaanza dawa haambukizi wengine. Tule naye, tukae naye. Tusishtuke mkojo ukitoka mwekundu, ni dawa. Jicho la kulia lilikuwa limeshapata kidonda ambacho mwenyewe hakukihisi. Angempa dawa ya kupaka, lakini hakuahidi kwamba litaona kama zamani. La kushoto ndilo la kulindwa, na mlinzi ni yeye mwenyewe. Afumbe macho kwa kukusudia, mara nyingi kwa siku, ayabane kabisa kisha afumbue.

"Nitakumbukaje?" baba aliuliza. "Jambo ambalo sijawahi kulikumbuka tangu nizaliwe?"

"Lifunge na jambo jingine unalolifanya kila wakati. Tafuta mwenyewe lipi."

Safari ya kurudi hakuna aliyesimulia kitu. Tuliposhuka kambini watoto walitukimbilia kama walivyolikimbilia kila lori, na kama ilivyokuwa desturi walimwamkia baba kwa pamoja, "Shikamoo!"

Baba alisimama. "Marahaba," alisema, akayafumba macho yote mawili kwa nguvu mpaka uso ukajikunja, kisha akayafumbua. Akatugeukia mimi na mama. Alikuwa amelipata lile jambo jingine.

Kambi ile ilikuwa na watoto wengi, na mtu mzima aliamkiwa kuanzia mlangoni hadi kisimani. Baada ya muda watoto waligundua kwamba ukimwamkia baba yangu anakupa na uso wa kuchekesha, wakawa wanazunguka nyuma ya nyumba ili wamwamkie upya. Baba hakuchoka. Msimamizi wa chumba cha brashi aliposikia habari za jicho alimtoa kwenye vumbi, akampeleka kumwagilia kitalu cha miche. Kidonda cha jicho la kulia kilipona kikaacha doa jeupe, na upande huo akabaki anaona mwanga tu. La kushoto lilibaki safi.

Nilipomaliza shule nilisomea uuguzi. Siku mwalimu alipotufundisha kile kipimo, alitutajia neva ya tano inayopeleka habari na neva ya saba inayofumba jicho, na wenzangu wakaandika haraka. Mimi niliandika polepole. Tangu hapo nimesimama mara nyingi kando ya kitanda cha mtu asiye na fahamu, daktari akifungua kope zake na kugusa kwa ncha ya pamba, na ndugu wakisubiri nje. Kope zikishuka, tunajua kwamba ndani kabisa, chini ya usingizi ule, bado kuna anayepokea habari na kutoa amri. Zisiposhuka, chumba kinakuwa kizito. Wagonjwa hao hawajui kama wameguswa. Baba alikuwa macho, ananitazama, ananisimulia habari za treni, na sehemu yake moja ilikuwa imeshanyamaza. Nimewaza sana jinsi mtu anavyoweza kupotewa na kitu asijue, na hata akajisifu kwa kukipoteza.

Nyakati zikabadilika. Bidhaa zikaanza kuonekana madukani, foleni zikaisha, watu wakasema sasa ni ruksa. Lakini kamba za plastiki nazo ziliingia, na singa ikakosa wanunuzi. Shamba letu likapunguza watu, kisha korona ikasimama, na kambi ikaanza kuhamwa nyumba moja moja. Kigoma baba hakuwa na mtu tena. Mama alisema, "Tunapanda kwetu." Baba alimtazama, akafumba macho, akayafumbua. Sikujua kama ilikuwa mazoezi au jibu.

Tulimkuta bibi uani anaanika maharage. Baba alisimama mbali kidogo, akainama. "Shikamoo, mama," alisema, na kwa mazoea ya miaka yote ile akayafumba macho na kuyabana. Bibi alikawia kuitikia. Baba alibaki vile vile, ameinama, macho yamefumbwa, anasubiri.

"Marahaba," bibi alisema mwishowe.

Jikoni alimuuliza mama, "Adabu hii amejifunza wapi, na umri huu?"

Mama alikuwa amelisubiri swali hilo kwa miaka. "Si adabu peke yake, mama. Siku ile ya msiba macho yake yalikuwa makavu kweli. Yalikauka kwa ugonjwa." Akamweleza yote, pamoja na jina la ugonjwa, kwamba ametibiwa na amepona.

Bibi aliendelea kukoroga chungu. Usiku huo baba aliletewa chakula kwenye bakuli lake peke yake, la bati, lenye kipande cha kitambaa kilichofungwa kwenye kishikio chake ili lisichanganywe na mengine. Mama alitaka kusema. Baba alimgusa mkono. Alikula akamaliza, akasema, "Asante, mama." Ikawa hivyo kila siku, bakuli lile, mahali pale, na asante ile.

Lakini milimani nyumba zimeachana, na watoto wakitoka shule wanapita njia ya mferejini. Baba alikaa shambani kutwa bila mtu wa kumwamkia. Alianza kusahau. Nilipokwenda likizo nililikuta jicho la kushoto limekuwa jekundu, nikaogopa. Nilimkalisha mbele ya wote nikamwambia kwamba hili likienda hakuna lingine, na kwamba anahitaji kukumbushwa.

Bibi alikuwa mlangoni anachambua mboga. Kesho yake asubuhi, baba akiwa anachonga mpini wa jembe, bibi aliita kutoka jikoni, "Habari za hapo?"

Baba alishtuka. Bibi hakuwa na kawaida ya kumwita. "Nzuri, mama," akajibu, na akafumba macho.

Kabla mpini haujaisha, bibi aliita tena. "Habari za hapo?"

"Nzuri, mama."

Akaita wakati wa kuteka maji, akaita baba alipopita na mzigo wa majani. Mkwe na mama mkwe ambao kwa desturi walipaswa kuongea kwa nadra wakawa wanasalimiana kutwa nzima. Jirani mmoja alimvuta mama kando akamuuliza kwa upole kama bibi ameanza kupoteza kumbukumbu. Mama alicheka mpaka akakaa chini. Jicho likarudi kuwa jeupe. Na lile bakuli la bati, siku moja nililiona nje, kuku wanakunywea maji. Hakuna aliyetangaza lolote. Baba alikuwa anakula sinia moja na wajomba zangu.

Likizo nyingine tuliteremka sokoni Same, bibi akiwa na maharage yake ya kuuza. Mitumba ilikuwa imejaa, nguo za kila rangi zimemwagwa chini kwenye maturubai. Bibi alipita kwenye magauni bila kuyatazama, akasimama mbele ya mtu aliyepanga miwani ya jua juu ya gunia. Alichagua kwa muda mrefu, akiijaribu kwa kuiweka mbele ya uso wangu na kupuliza, aone kama upepo unanifikia. Aliyoipenda ilikuwa miwani ya kike, mikubwa, inayofunika nusu ya uso, na pembeni ina maua ya dhahabu.

"Bibi, hii ni ya wanawake," nilimwambia.

"Vumbi linajua?" aliniuliza.

Baba aliivaa Jumapili ile ile kanisani. Vijana wa kwaya walijishika mbavu kwa kicheko. Aliivaa shambani, aliivaa kwenye mikutano ya kijiji, na mkono mmoja wa miwani ulipokatika aliufunga kwa waya. Bibi alitangulia kuondoka duniani, na mama ndiye aliyeshika zamu ya kuita kutoka jikoni. Jicho la kushoto lilimfikisha baba uzeeni. Mara ya mwisho nilipokwenda tukiwa bado naye, alikuwa amekaa juani na ungo magotini, anachambua maharage mwenyewe, akitoa vijiwe kimoja kimoja na kuvitupa uani.